Albamu ya Zamani Ikichanganywa Upya: Kipi Kinatufikia Mwanza?

Mwezi Oktoba 2024 albamu ya kwanza ya kundi la Queen, iliyotoka mwaka 1973, ilirudishwa sokoni kwa jina la Queen I, safari hii ikiwa ndani ya kasha lenye CD sita na santuri moja, jumla ya vipande 63, na 43 kati yake vikiwa vimechanganywa upya, yaani sauti za ala na waimbaji zilizorekodiwa zamani zimepimwa na kuunganishwa upya. Kwa Watanzania kundi hilo si geni, kwa kuwa mwimbaji wake, Freddie Mercury, alizaliwa Zanzibar mwaka 1946. Swali linaloibuliwa na kasha hilo, hata hivyo, linawahusu wengi: kampuni zinapofungua maghala yao na kutoa upya albamu za rock za zamani kwa bei kubwa, je, zinahifadhi urithi, au zinamuuzia msikilizaji kitu alichokwisha kukilipia?

Wanaoyatetea makasha haya wana hoja nzito. Queen walirekodi albamu ile katika studio za Trident, London, kwa kutumia saa ambazo hazikukodiwa na wateja wengine, aghalabu usiku, na sauti ya dramu haikuwaridhisha tangu mwanzo; kuchanganya upya kunatoa nafasi ya kuirekebisha. Kwa Revolver, albamu ya kundi la Beatles ya mwaka 1966, iliyotolewa upya mwaka 2022, hoja ina nguvu zaidi. Mashine walizotumia zilikuwa na njia nne tu za kurekodia, hivyo ala kadhaa zilibanwa pamoja kwenye njia moja, na hapakuwa na namna ya kuzitenganisha hadi ilipopatikana programu iliyobuniwa na timu ya mwongozaji filamu Peter Jackson.

Kuna pia suala la kanda zenyewe. Baadhi ya kanda za sumaku za miaka ya 1970 na 1980 zina gundi inayofyonza unyevu. Ukizicheza hivyo hivyo hunata kwenye mashine na kubanduka, na pamoja na tabaka hilo sauti nayo hupotea, kwa hiyo mafundi huzioka kwa joto la chini kwa saa nyingi ili zichezeke kwa muda mfupi tu, na katika muda huo ndipo hunakiliwa. Kazi hiyo ina gharama, na mnunuzi wa kasha husaidia kuilipia.

Upande wa pili hauna uchache wa ushahidi. Mwaka 2015 rekodi za mwanamuziki wa Marekani Bob Dylan za 1965 na 1966 zilitolewa katika seti ya diski 18, nakala 5,000 tu, kwa dola 600 kila moja. Miaka mitatu kabla ya hapo, kampuni yake ilitoa Ulaya mkusanyiko wa takriban nakala 100, kwa sababu sheria mpya iliongeza ulinzi wa rekodi kutoka miaka 50 hadi 70, lakini si kwa zile ambazo hazijawahi kutolewa. Kampuni haikuficha nia yake, maana jina la mkusanyiko lenyewe lilitaja kurefushwa kwa hakimiliki.

Mimi sioni ubaya mkubwa katika bei, kwani anayetoa dola 600 hajalazimishwa na mtu. Kinachonitia shaka ni kuhusu sauti ipi inabaki. Kasha la Queen I halikuwekewa mchanganyiko wa mwaka 1973, wakati lile la Revolver lina ule wa awali wa mono, yaani wenye sauti ileile kwenye spika zote. Mercury alifariki mwaka 1991, na hawezi kusema kama dramu zile zilimkera kiasi hicho.

Msikilizaji wa Mwanza yumo pabaya zaidi katika jambo hili. Akisikiliza kwa simu na bando lake, anapata sauti mpya inayobishaniwa, ila kitabu kilichomo kashani, chenye maelezo ya nani alipiga nini na siku gani, hakimfikii. Akienda kwenye kibanda cha kuingiza nyimbo kwenye flashi, maeneo ya Makoroboi kwa mfano, anaweza kuondoka na faili lililoandikwa "Track 07", bila jina la mwimbaji wala mwaka. Sehemu ya kazi hii ambayo hakuna anayeipinga ndiyo inayomkosa.

Ndiyo maana nadhani kuiga makasha hayo kungetupotosha sisi wenye kanda za bendi za dansi zilizorekodiwa Radio Tanzania Dar es Salaam, ambazo leo ziko mikononi mwa TBC. Kunakili kanda ni lazima, tena mapema. Lakini kuchanganya upya magitaa ya zilipendwa ili yalingane na spika za leo kunaweza kusubiri, kwa kuwa kanda iliyonakiliwa vizuri itachanganywa hata baada ya miaka ishirini, ilhali mpiga gitaa la solo wa mwaka 1975 ambaye bado yu hai anapaswa kuulizwa sasa nani alishika besi siku ile, nani alitunga, na kwa nini jina lake halikuandikwa.