Filamu ya mume, kalamu ya nani?

Ikitajwa Valkoinen peura (“Reinidia Mweupe”), filamu ya Ufini ya 1952, jina linalofuata papo hapo ni Erik Blomberg. Si ajabu, maana ndiye aliyeiongoza na kuipiga picha. Mwaka 1953 ilipata tuzo kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, msanii wa Kifaransa Jean Cocteau akiwa mwenyekiti wa majaji, na 1957 ikapewa Golden Globe, tuzo ya filamu ya Marekani. Hadithi aliiandika na mkewe, Mirjami Kuosmanen, ila huyo wachache wanaomjua humjua kama mwigizaji mkuu tu.

Wanaompa Blomberg sifa yote hawaongei ovyo. Filamu ina mazungumzo machache mno. Kinachokaa kichwani ni weupe wa theluji na makundi ya reinidia, wanyama wa jamii ya kulungu wanaofugwa Lapland, kaskazini mwa Ufini. Mtu akiuliza mwandishi alifanya kazi gani hapo, ana haki ya kuuliza.

Tazama basi safari ya Pirita, mhusika anayeigizwa na Kuosmanen, kwa mganga. Ni mke mchanga, mumewe Aslak yuko mbali na mifugo, naye anatafuta dawa ya mapenzi. Sharti analopewa ni zito: akitoka hapo, kiumbe hai wa kwanza atakayekutana naye amtoe kafara kwenye jiwe la mizimu. Anayemjia ni ndama mweupe aliyezawadiwa na Aslak. Anamchinja. Tangu hapo hugeuka reinidia mweupe, wanaume humfukuza nyikani, naye huwaua. Mwisho anayemchoma mkuki ni Aslak mwenyewe. Kamera haikubuni sharti lile, wala haikuamua zawadi ya mume ndiyo ilipe gharama ya kumpata mume. Hiyo ni kazi ya uandishi, na uchache wa maneno unaificha tu.

Lakini kuna watetezi wa Kuosmanen wanaopitiliza: kwa kuwa upweke wa Pirita ni wa kike, basi kauandika mke, na mume kaleta mandhari. Hapo siwafuati. Majina yaliyoandikwa ni mawili, na kugawa kurasa kwa jinsia ya mwandishi ni ramli (mganga wa Pirita angeifanya vizuri zaidi). Kinachomdhulumu Kuosmanen kiko kwingine: alifariki 1963, Blomberg akaishi hadi 1996, na desturi ya kuihesabu filamu kuwa mali ya mwongozaji ikamaliza yaliyobaki.

Upande mwingine ni Wasami, wenyeji wa Lapland. Wahusika wakuu waliigizwa na Wafini, na imani za Wasami zikageuzwa uchawi wa kutisha watazamaji. Lawama hiyo hutupiwa mwongozaji peke yake. Kama tunakubali kwamba Kuosmanen aliandika, basi na hiyo ni yake pia, nusu kwa nusu.