Kadi ya kemo haina nafasi ya mshipa

Fungua kadi au daftari la mgonjwa wa saratani anayetibiwa kwa dripu hapa Mombasa. Utakuta tarehe, uzito, jina la dawa, miligramu na majibu ya damu. Utakachokosa mara nyingi ni mstari mmoja tu: dawa ya leo imepita mkono upi, mshipa upi. Wiki tatu baadaye nesi mwingine anaanza kupapasa upya, na mgonjwa anaambiwa "mishipa yako imejificha", kana kwamba yeye ndiye aliyeificha. Mishipa haijifichi. Hutumiwa bila hesabu mpaka ikagoma.

Hesabu ni hii. Mama mwenye saratani ya titi aliyepangiwa ratiba iliyozoeleka, yaani doksorubisini na siklofosfamidi mara 4, kisha paklitakseli kila wiki mara 12, ana dripu 16. Kabla ya kila dripu hutolewa damu ya kupima. Hapo ni sindano 32, ikiwa hakuna hata moja iliyokosea. Na kama ametolewa tezi za kwapani, mkono wa upande huo kwa kawaida hauguswi kwa hofu ya kuvimba. Zote 32 zinauangukia mkono mmoja.

Kinachouchosha mshipa si sindano peke yake. Ukuta wake wa ndani ni utando wa safu moja tu ya seli, uliozoea damu yenye pH (kipimo cha uchachu, namba ikishuka uchachu huzidi) ya 7.4. Doksorubisini, ile dawa nyekundu kama sharubati, huja na pH ya karibu 3. Fluorourasili yaelekea upande wa pili, karibu 9. Utando ukiungua, mshipa huuma, damu huganda ndani, kisha hukakamaa kama kamba ya makumbi iliyotandwa chini ya ngozi. Fluorourasili pia huweza kuacha mstari mweusi unaofuata mshipa. Weusi huo unatisha kwa macho lakini si sumu iliyobaki mwilini, na hufifia polepole tiba ikisha.

Ndiyo maana ukubwa wa kanula, ule mrija wa plastiki unaoachwa mshipani, si sifa. Geji ni kipimo cha unene, na namba ikizidi mrija huwa mwembamba: 24 ya njano au 22 ya buluu yatosha, kwa sababu huacha nafasi ya damu kupita pembeni na kuizimua dawa. Mahali pazuri ni kigasha, baina ya kiwiko na kifundo cha mkono, penye nyama. Kunjo la kiwiko linavutia kwa kuwa mshipa wake ni mnene, lakini dawa ikivuja pale haionekani mapema, na kovu lake huweza kuuzuia mkono kunyooka. Mgongo wa kiganja nao una ngozi nyembamba juu ya kano.

Kosa linalopita bila kuonekana ni la damu ya kupima. Ikichotwa asubuhi kwenye kunjo la kiwiko, kisha kanula ikawekwa chini yake kwenye mshipa uo huo, dawa hupanda na kutokea kwenye tundu la asubuhi. Tundu hilo lahitaji kama saa 24 kuziba. Damu ichotwe mgongoni mwa kiganja, au mkono wa pili kama unaruhusiwa, dawa iingie juu.

Halafu kuna joto letu. Mtu ametoka Likoni, amesimama feri juani, ametoka jasho, kisha anaketishwa chini ya kiyoyozi. Maji yamepungua na baridi imeikunja mishipa. Taulo la maji ya uvuguvugu kwa dakika 10 hadi 15, mkono ukining'inia, hufanya kazi kuliko kuuchapa mshipa makofi. Glasi mbili za maji kabla ya kufika husaidia, ila kwa aliyewekewa kipimo cha maji kwa ajili ya moyo au figo. Mwezi wa Ramadhani jambo hili lataka kusemwa waziwazi: mgonjwa ana ruhusa ya kula, na siku ya dripu ndiyo siku ya kuitumia.

Na hina. Kucha zikipiga weusi kwa dawa, wengi huzifunika kwa hina, na harusi hazingoji tiba imalizike. Lakini maua ya hina yakipanda mpaka kiwiko, wekundu wa dawa iliyovuja utauonaje? Piko, ile rangi nyeusi ya kuchorea, ni mbaya zaidi, kwani lenyewe huweza kutoa malengelenge yanayofanana na kuungua kwa dawa. Pambeni miguu. Mkono wa dripu uachwe mtupu, na mkono wa buibui uliobana ukunjwe kabla ya kuketi.

Dawa ikichoma, sema hapo hapo, usingoje nesi apite. Doksorubisini na vinkristini zikitoka nje ya mshipa huua nyama, na kidonda huweza kujitokeza siku kadhaa baadaye. Hatua ni hizi: dripu isimamishwe, kanula isichomolewe kwanza wala isisukumwe maji. Sirinji ivute kilichobaki, ndipo kanula itolewe. Mpaka wa uvimbe uchorwe kwa kalamu na upigwe picha, mkono uinuliwe. Kwa doksorubisini hukandwa kwa baridi, kwa vinkristini kwa joto, na kubadilisha hivyo viwili ni kuongeza madhara. Deksrazoksani, dawa ya kuokoa nyama iliyomwagikiwa na doksorubisini, huanzwa ndani ya saa 6, kwa hiyo swali la kama ipo huulizwa kabla ya dripu. Sio kila wekundu ni mvujo, lakini. Mwasho na mistari myekundu inayofuata mshipa, damu ikirudi vizuri kwenye sirinji, mara nyingi ni mzio wa muda.

Mshipa uliokwisha kuwa mgumu usipelekwe kwa mchuaji, hata awe na mafuta ya karafuu: ndani yake huenda mna damu iliyoganda. Hijama, yaani kuumikwa kwa kutoa damu, nayo ingoje, maana chembe za kugandisha damu na za kinga huwa zimeshuka.

Kuhusu poti, kile kikopo kidogo kinachozikwa chini ya mtulinga na mrija wake ukaishia karibu na moyo, maoni yangu ni kwamba huletwa mezani kwa kuchelewa. Hutajwa mikono ikiwa imekwisha, ilhali ratiba ya dripu 16 inajulikana siku ya kwanza. Kina gharama, upasuaji mdogo na hatari ya maambukizi, na husafishwa hata wakati hakitumiki, kwa kawaida kila wiki 4 au zaidi. Si cha kila mtu. Basi mwenye mkono mmoja tu wa kuchomwa na mishipa myembamba aulizwe mapema.

Asiyekihitaji achukue kalamu mwenyewe. Pembeni mwa kadi, chini ya miligramu, panatosha: "Kushoto, katikati ya kigasha, upande wa kidole gumba. Geji 24. Mara ya pili ndipo ilipopatikana. Ilichoma kidogo mwishoni."