Grande Otelo na kosa la kuwa wa pili

Akitajwa Grande Otelo, yule mwigizaji mweusi mfupi wa Brazili aliyecheza filamu zaidi ya 100, kuna lawama moja haikosekani: alijidhalilisha. Alikubali kuwa mpambe wa Oscarito, mchekeshaji mweupe, katika vichekesho vya studio ya Atlântida huko Rio de Janeiro. Akatumbua macho, akabinua midomo, watu wakacheka.

Lawama hiyo haikuzuka hewani. Katika Carnaval no Fogo ya 1949, Oscarito ni Romeo, na Otelo ndiye Juliet, yuko roshanini na wigi la nywele za dhahabu lililosukwa mikia miwili. Kichekesho ni uso mweusi chini ya wigi lile. Anayeona pale pana tusi simbishii. Tena wapo waliochukua njia nyingine: Abdias do Nascimento alikwishaanzisha ukumbi wa maigizo wa Weusi mwaka 1944, ili wasisubiri kupewa nafasi za watumishi na vikaragosi.

Sasa tuangalie upande ambao wenye lawama huupita haraka. Filamu ndefu ya kwanza ya kubuni ya Atlântida, Moleque Tião ya 1943, ilitungwa kutokana na maisha ya Otelo mwenyewe, na mhusika mkuu alikuwa yeye. Nakala zake zimepotea, kwa hiyo tunamhukumu kwa vilivyosalia. Halafu mwaka 1949, mwaka uleule wa wigi, studio ileile ikamweka kwenye Também Somos Irmãos, kisa cha ndugu wawili weusi waliolelewa katika nyumba ya weupe. Humo hakuna mzaha. Ubaguzi unasemwa waziwazi. Alicheza na Aguinaldo Camargo na Ruth de Souza, watu wa ukumbi wa Abdias. Watazamaji hawakwenda. Kwenye wigi walijaa.

Hapo ndipo ninapokwama kila nikisoma lawama hizi. Mtu yuleyule aliwawekea vyombo vyote viwili mezani, wakala kimoja, kisha wajukuu zao wanamsuta yeye kwa mapishi! Hesabu ya mauzo ya tiketi ndiyo iliyompangia nafasi ya pili, na studio haikuwa na haja ya kumuuliza.

Alipopata mwongozaji wa kumwamini, tuliona. Nelson Pereira dos Santos alimpa Rio, Zona Norte mwaka 1957, awe mtunzi wa samba anayeibiwa nyimbo zake, na pale hata akinyamaza humwachi kumtazama. Mwaka 1969 ikaja Macunaíma: Otelo anazaliwa mtu mzima msituni, kisha anaoga kwenye chemchemi na kutoka mweupe, na kuanzia hapo nafasi inashikwa na Paulo José kwa sehemu kubwa ya filamu. Tuzo ya mwigizaji bora katika tamasha la Brasília, hata hivyo, alipewa Otelo. Alikuwa amekwishavuka miaka 50.