Gemu niliyoilipia haihami nami

Ndugu mwandishi, umeandika kwamba anayehama duka moja la gemu za kompyuta kwenda jingine hapotezi kitu, anafungua akaunti mpya tu. Hapo sikubaliani nawe.

Mimi niko Arua, Uganda. Gemu yangu ya kwanza niliilipia kwa kadi ya mjomba, kisha nikaishusha usiku nne mfululizo kwa bando la usiku, simu nimeiweka dirishani ipate mtandao. Gigabaiti 40 na ushee. Baadaye wenzangu ninaocheza nao wakahamia duka jingine. Nikaliandikia lile la kwanza kuomba gemu yangu ihame nami, nikajibiwa kuwa nilichonunua ni leseni, yaani ruhusa ya kuicheza tu, nayo haihamishiki. Yaani nilipe upya, nishushe upya!

Wala si jambo lisilowezekana. Mwaka 2016 GOG, duka la gemu la mtandaoni, walileta mpango wa GOG Connect: ulikuwa unaunganisha akaunti yako ya Steam, duka jingine la aina hiyo, na baadhi ya gemu ulizokwisha kununua kule unapewa nakala GOG bila kulipa tena. Zilikuwa chache, maana ilitegemea wachapishaji wa gemu hizo wakubali, na mpango wenyewe ulishafungwa. Tena kwa GOG faili la kusakinisha unalihifadhi kwenye diski yako, bando likiisha unacheza. Kwetu huku hilo linazidi punguzo lolote la bei.

California, tangu 2025, sheria inayataka maduka yamwambie mnunuzi wazi kwamba anapata leseni. Vizuri. Lakini makala ijayo tafadhali waulize wachapishaji: risiti yangu mnaiona, mara ya pili mnanitoza kwa kitu gani?