Gábor Reisz: kusikiliza kila upande ni ujasiri au ni kukwepa?

Kijana wa Budapest, Ábel, amekaa mbele ya jopo la walimu kwa mtihani wa mdomo wa historia, na neno halimtoki. Hakuna aliyemwonea, mawazo yake yote yako kwa Janka, msichana anayempenda. Ila kwenye koti lake umebaki utepe wa nyekundu, nyeupe na kijani, ule ambao Wahungaria huuvaa Machi 15 kukumbuka mapinduzi ya 1848, na mwalimu Jakab anamuuliza mbona kauvaa. Nyumbani, baba anapombana aeleze kilichomfelisha, kijana analitaja swali la utepe. Baba ni mhafidhina, mwalimu ni mliberali. Mwandishi wa habari anainasa stori hiyo, na uongo mdogo unageuka kashfa ya nchi nzima.

Hiyo ni Magyarázat mindenre, yaani Maelezo ya Kila Kitu, filamu ya tatu ya mwongozaji wa Hungaria, Gábor Reisz, iliyotwaa tuzo ya filamu bora katika kitengo cha Orizzonti, tamasha la Venice, mwaka 2023. Mbili za awali, ya 2014 na ya 2018, zilihusu vijana walioachwa na wapenzi wao. Zilichekesha na kugusa moyo, lakini siasa ilikuwa mbali.

Utepe ule si pambo. Mwaka 2002 Viktor Orbán, waziri mkuu wa wakati huo na kiongozi wa wahafidhina, aliwaomba wafuasi wake wauvae wakati wa uchaguzi, na tangu hapo wengi wakiuona huona chama kabla ya kuona taifa. Reisz anaijua historia hiyo, na bado hamkejeli baba. Anampa hasira yenye sababu, na anampa mwalimu kiburi chake. Wote wawili wanaongea mno, wala hakuna anayesikia. Kwangu mimi hapo ndipo kipaji chake kilipo: katika nchi ambayo kila mtu ameshachagua upande, amekataa kutengeneza adui wa kwenye bango.

Hata hivyo, wanaosema usawa huo una mapengo wana hoja nzito. Mtu akiitazama filamu hii anaweza kudhani ugomvi wa Hungaria ni wa majirani wawili wenye nguvu sawa. Sivyo. Chama cha Orbán kilirudi madarakani mwaka 2010, na mwaka 2020 wanafunzi wa chuo cha sanaa za maonyesho na filamu cha Budapest, alikosoma Reisz mwenyewe, walilikalia jengo la chuo kupinga kukabidhiwa kwa bodi iliyoteuliwa na serikali. Ndani ya filamu, mkono huo wa dola hauonekani waziwazi. Umeachwa nje ya fremu.

Lakini mkono huo uko kwenye namna filamu ilivyotengenezwa. Filamu hii haikupata fedha za serikali. Ilipigwa kwa bajeti ndogo, kwa siku chache, na umaskini huo unaisaidia: kamera iko karibu na nyuso, mazungumzo yana pumzi ya watu halisi. Wapo wanaousifia uhaba kana kwamba ndio uhuru wenyewe. Mimi siafiki. Watu wanaweza kujitolea kwa filamu moja, pengine mbili, lakini kodi ya nyumba hailipwi kwa tuzo, na mwongozaji aliyefikia kiwango hiki anastahili kulipa kikosi chake ujira kamili.