Anayeishi Peke Yake Nairobi Hajaikimbia Jamii

Vikao vya familia hurudia hoja moja: kwamba kijana anayeishi peke yake jijini amejitenga na watu wake, na kimya cha chumba chake ni dalili ya jamii inayosambaratika. Hoja hiyo ina uzito, lakini wanaoitoa hawajapata kuuona mwezi mzima wa mtu huyo.

Sensa ya 2019 ilihesabu Nairobi watu 4,397,073 katika kaya 1,506,888, yaani wastani wa watu 2.9 kwa kaya, ilhali wastani wa nchi nzima ulikuwa 3.9. Jiji hili lina familia nyingi za watu watano au sita waliobanana katika vyumba vya Kayole na Mathare. Ili wastani ushuke chini ya watatu licha ya hao, lazima pawepo kaya nyingi mno za mtu mmoja au wawili. Hatuzungumzii, basi, watu wachache wenye tabia ngeni. Tunazungumzia wauguzi wa zamu ya usiku, mabawabu na makarani waliopanga bedsita (chumba kimoja cha kulala na kupikia) katika mitaa ya Roysambu, Zimmerman au Pipeline, ambao wengi wao wana wazazi, wenzi au watoto mashambani.

Jioni, mtu huyo hushuka matatu, hununua sukuma wiki iliyokwisha kukatwa kwa mama mboga anayemjua kwa jina, hupika ugali wa kumtosha, hutuma pesa nyumbani, kisha humpigia mamake simu. Karo ya mdogo wake hutoka katika chumba hichohicho kinacholaumiwa kwa ubinafsi. Na kwa aliyeshinda akiwahudumia wengine, tena aliyekulia katika nyumba ambamo hakuwa na kona yake, kimya hicho ni pumziko analostahili.

Wenye hofu nao wana sababu. Kodi na gesi hazina wa kuchangia, na akizidiwa na ugonjwa usiku hana wa kumfikisha hospitali. Mauaji ya wanawake yaliyosababisha maandamano ya Januari 2024 jijini yaliwatia hofu wengi wanaokaa peke yao. Hata hivyo, Umoja wa Mataifa ulikadiria kwamba mwaka 2023 wanawake na wasichana wapatao 51,100 duniani waliuawa na wenzi au jamaa zao, kwa hiyo kukaa na mtu si kinga.

Hofu ya ugonjwa ina tiba iliyo karibu kuliko ndoa ya haraka: mwenye ploti aandike namba ya ndugu wa kila mpangaji anapopokea kodi ya kwanza, na jirani wa mlango wa pili awe nayo.