Kwamba Mimi ni Mtu Mzima Mwenye Akili Timamu

Karibu kila hati ya kiapo iliyopita mikononi mwangu huanza hivyo, kwa Kiingereza: kwamba mimi ni mtu mzima mwenye akili timamu, na kwa hivyo naweza kuapa. Huishia kwa "kwamba" nyingine, kuwa yote niliyosema ni kweli kadiri ya ujuzi, taarifa na imani yangu. Nimekuwa karani katika ofisi za mawakili hapa Kisumu kwa muda wa kutosha kuzichapa kwamba hizo huku nimefumba macho. Katikati yake ndimo anamoingizwa mtu: mama wa Ahero, mvuvi wa Dunga, kijana wa bodaboda aliyevunjika mguu Kondele. Wanaingia kila mmoja na sauti yake. Wakitokea upande wa pili, wote wanazungumza namna moja.

Pale tunapokula ugali na samaki mchana, makarani na mawakili vijana, kuna ubishi usioisha: je, uwakili ni sanaa, au ni kazi ya makaratasi tu? Wengi wako upande wa makaratasi, na hoja zao si za kupuuzwa.

Kwanza wanaonyesha runinga. Tangu kesi za urais za 2013, 2017 na 2022 zirushwe moja kwa moja, wananchi wamezoea kumshangilia wakili kama anavyoshangiliwa mshambuliaji wa timu ya Gor Mahia. Lakini uchaguzi wa Agosti 2017 haukufutwa na sauti nzito ya mtu yeyote. Ulifutwa na fomu za matokeo, 34A za vituo na 34B za maeneo bunge, na seva ambayo tume ya uchaguzi haikuifungua ilivyoamriwa. Waliokesha wakikagua fomu hizo hakuna aliyewapigia makofi.

Pili, wanasema sanaa ni ya mwenye pesa. Anayeweza kumlipa msemaji mzuri atasikika, na asiyeweza atabaki na kigugumizi chake. Hati kavu yenye kwamba zake ni nafuu, na angalau inamfanya maskini afanane na tajiri mbele ya jaji. Tatu, kanuni zenyewe hazitaki madoido. Amri ya 19 ya Kanuni za Mwenendo wa Madai za 2010 inamtaka anayeapa aseme mambo anayoweza kuyathibitisha kwa ujuzi wake mwenyewe, na korti ina uwezo wa kufuta kilicho cha kashfa au kisichohusika. Wakili anayemtungia shahidi maneno matamu anamsogeza karibu na uongo wa kiapo.

Na mimi ninawaongezea hoja yao iliyo kali kuliko zote, ingawa hawaitaji mara nyingi. Ni kesi ya maziko ya S.M. Otieno. Yeye mwenyewe alikuwa wakili, na ilisemwa kortini jinsi alivyompenda Shakespeare. Alifariki 20 Desemba 1986, akazikwa Nyalgunga, Siaya, 23 Mei 1987. Siku 154 mochari. Vitabu vya sheria havikuwa na mengi ya kusema kuhusu nani ana haki ya kumzika marehemu wa namna ile, basi John Khaminwa kwa upande wa mjane, Wambui, na Richard Kwach kwa upande wa ukoo wa Umira Kager, wakabaki kumchora marehemu. Khaminwa alimchora mwanamume wa Nairobi, wa ndoa ya kiserikali, aliyeishi maisha ya kisasa. Kwach akachora mwana wa Nyalgunga ambaye hata awe wakili bado ana baba, ana boma, ana ardhi inayomngoja. Mwanafalsafa Odera Oruka alipanda kizimbani kueleza mila za Wajaluo. Mchimba kaburi alipanda pia. Picha ya pili ilishinda, Mahakama Kuu na kwenye rufaa, na mwanamke aliyeolewa na mtu huyo tangu 1963 akarudi bila mwili wa kuzika. Kwa hiyo mtu akiniambia picha nzuri inaweza kumponda mtu aliye hai, sina la kubisha.

Hata hivyo nadhani wenzangu wanachanganya mambo mawili, na la pili hawajaliona kwa sababu halipigi kelele.

Wacha nieleze kesi moja niliyoketi ndani yake, katika korti ya ardhi upande huu wa ziwa. Majina nayaacha. Familia moja ilidai shamba kwa sheria ya Ukomo wa Madai, Sura ya 22, ile inayosema mtu akikalia ardhi ya mwenzake miaka 12, waziwazi na bila idhini, haki ya mwenyewe kuidai inakufa, na aliyekalia anaweza kuiomba korti imwandikishe kuwa ndiye mwenye hatimiliki. Mama mzee, mjane wa mwenye shamba, alikuja ofisini kujibu. Alisema kwa Kijaluo kwamba babu yao hao alikuwa jadak.

Msomaji wa huku halihitaji neno hilo kuelezwa, ila kwa walio mbali: jadak ni mtu aliyekuja kutoka kwao akakaribishwa kwenye ardhi ya ukoo mwingine, akapewa mahali pa kujenga na kulima. Anakaa kwa hisani. Wajukuu wake wanaweza kuzaliwa hapo na siku ya ugomvi bado wakakumbushwa.

Wakili kijana aliyeandika hati alitaka neno lenye meno. Akaandika kwamba watu hao walikuwa wavamizi, walioingia shambani 1989 bila ruhusa ya mtu. Niliichapa mwenyewe. Ikavushwa korido hadi kwa wakili wa ofisi jirani aiidhinishe, maana sheria hairuhusu wakili wa kesi kumwapisha mteja wake mwenyewe. Mama akaweka kidole gumba.

Hebu tazama alichotia kidole. Aliyeingia bila ruhusa 1989 na kukaa hadi leo ametimiza miaka 12 mara mbili na zaidi. Aliyeingia kwa ruhusa hata akae karne, saa yake haijaanza kuhesabu. Neno "mvamizi", lililochaguliwa ili kumtetea, lilikuwa linampa mpinzani wake shamba zima. Ukweli wake ulikuwa tayari mdomoni, kwa neno moja la Kijaluo, na ufundi wa makaratasi ndio uliompokonya. Sheria inataka maombi ya maandishi kortini yawe kwa Kiingereza, na Kiingereza hakina jadak. Lakini tatizo halikuwa Kiingereza peke yake. Tatizo lilikuwa kwamba hakuna aliyemuuliza mama neno lake lina nini ndani.

Kortini wakili wa upande wa pili alimhoji kwa upole wa asali. "Mama, umeapa kwamba waliingia bila ruhusa, sivyo?" Mama akamtazama mkalimani, akasema tena jadak. Mkalimani, naye ana kazi ngumu, akasema "mpangaji". Jaji akaandika neno la Kiingereza la mpangaji. Mtu mmoja, majina matatu, na hakuna moja lililokuwa lake.

Siku hiyo kwa bahati aliyesimama upande wetu alikuwa wakili mkubwa wa ofisi, mtu asiyepaza sauti. Zamu yake ya kumhoji shahidi tena ilipofika hakubishana kuhusu ukalimani, wala hakumtetea kijana wake. Aliuliza swali moja: "Mama, alipojenga nyumba yake ya kwanza, nyasi za kuezeka zilitoka wapi?"

Mama akashangaa, kama mtu anayeulizwa jua huchomoza wapi. Zilitoka kwetu, akasema. Baba mkwe alizikata bondeni pamoja naye, mimi nikawapikia, wakamaliza paa jioni.

Hapo wakili akaketi. Watu waliokuja kusikiliza malumbano walitoka wakisema kesi ilikuwa baridi. Mimi hadi leo sijaona sanaa kubwa kuliko ile kortini. Mvamizi hakatiwi nyasi na mwenye shamba. Mpangaji hapikiwi chakula cha kuezekea. Swali lile lilirudisha jadak ndani ya kumbukumbu za korti bila kulitaja, kwa kitu ambacho jaji kutoka popote angeweza kukiona. Hukumu ilipotoka, nyasi zilikuwemo.

Ndiyo maana hoja ya runinga hainishawishi sana. Tangu kesi ya Okeno ya 1972, korti inayosikiliza rufaa ya kwanza hukumbushwa kupima ushahidi wote upya, lakini ikijua kwamba haikuwaona wala kuwasikia mashahidi. Sheria yenyewe imekiri kuwa kuna kinachobaki chumbani. Kinachobaki ni machozi, sauti nzito, joho lililotupwa nyuma, kidole kilichoelekezwa kwa mshtakiwa. Kwa maoni yangu ni vyema vibaki, kwani mwongo mzuri huvitumia vizuri kuliko msema kweli mwoga. Wapenda makaratasi wana haki kabisa kuviogopa. Lakini nyasi zinapanda na jalada hadi Mahakama ya Rufaa. Jaji ambaye hakuwahi kumwona mama yule atazisoma na kuona mikono miwili ikifunga paa moja.

Wabukusu wa kule Bungoma wana msemaji wa kumuse, anayetembea mbele ya waombolezaji baada ya mzee kuzikwa, akisimulia historia na kukemea bila kukatizwa. Wengine hupenda kumlinganisha na wakili. Mimi sioni mfanano huo, kwa sababu yeye haulizi mtu. Wakili wetu alishinda kwa kuuliza, tena kwa kujua kwamba ndani ya maisha ya mama yule lazima kulikuwa na paa, na paa la wakati ule lilikuwa la nyasi. Huwezi kulijua hilo kama hujawahi kumsikiliza mteja hadi achoke.

Kuhusu umaskini, wenzangu wananibana zaidi. Tuna Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2016, lakini saa nzima ya kusikiliza bado ni ghali, na kijana mwenye majalada 40 mezani atafungua hati ya juzi kwenye kompyuta abadilishe majina. Nimemwona akifanya hivyo na simlaumu sana, maana kodi ya ofisi hailipwi kwa nyasi. Ila wasiniambie kwamba fomu ile kavu inamlinda mnyonge. Ilikuwa imekaribia kumnyang'anya shamba, na ilikuwa imeandikwa bila kosa hata moja la kanuni.

Ile hati ya kwanza bado imo kwenye faili. Ina aya 14, na zote zinaanza kwa kwamba. Nimewahi kuifungua kutafuta kama mama alitaja siku ile ya kuezeka. Neno nyasi halimo.